Upweke kwenye daka: kupiga filamu fupi katika nyumba ya Lamu

Filamu fupi za upweke zimezoea ufuo mtupu, mtu mmoja na kinanda. Haziumi. Aliye peke yake pwani huenda anapunga upepo tu. Upweke huuma pale watu wapo karibu na hawafiki, na nyumba ya mawe ya Lamu ina umbali huo tayari: daka, ukumbi mdogo wa nje ya mlango, humpokea mgeni bila kumfikisha ndani.

Basi mkalishe mzee wako kwenye baraza ya daka. Kamera isimame tekani, ukumbi mdogo wa ndani ya mlango, imtazame kwa mgongo kupitia mlangoni, lenzi ya milimita 50. Wapita njia watatu wamtolee salamu, awaitikie, waende zao. Usikate kabla ya sekunde 40. Mwanzoni mtazamaji husubiri tukio, kisha hugundua kwamba ndilo hilo. Pima mwanga wa nje, tekani ipotee gizani. Ukipima wa ndani, uchochoro utaungua uwe mweupe na wapita njia watafutika, nao ndio habari yenyewe.

Vyumbani nafasi ni finyu. Boriti za mkoko hazibebi dari la mawe kwa upana mkubwa, kwa hiyo chumba ni kirefu lakini hakizidi sana mita 3 kwa upana. Piga kwa urefu wake. Lenzi pana mno hupinda zidaka, vile vishubaka vya ukutani. Chini ya taa za umeme tumia fremu 25 kwa sekunde na shata (kasi ya kufunga lenzi) ya sekunde 1/50, kwa kuwa umeme wa Kenya ni hezi 50. Ukiweka 1/60 picha huchezacheza.

Kinachoharibu kazi zaidi ni sauti. Adhana ikiingia katikati ya onyesho nawe ukaunganisha vipande viwili, mkato utasikika hata ukifichika machoni. Panga maonyesho kati ya sala, na kabla ya kuondoka chumbani rekodi sekunde 60 za ukimya wake, uzibie mikato. Punda hawana ratiba, wasubiri wapite.

Mpita njia wa nne ndiye anayeketi. Ammiminie mzee kahawa kutoka kwenye dele, wasiseme neno. Na iwe ya moto kweli, kwani iliyopoa mwigizaji huimaliza kwa mkupuo mmoja, na onyesho linakuishia mkononi.