Kibali cha maji si hati ya kumiliki mto: dhana potofu kuhusu Ruaha Mkuu na ukweli wake

Kila kiangazi, ugomvi wa maji unapopamba moto Usangu, huko Mbarali mkoani Mbeya, maneno ni yale yale. Yanasemwa kwa uhakika mkubwa, na mengi si kweli. Nayaandika hapa kwa sababu mto Ruaha Mkuu, unaopita huko, umeumizwa na maneno hayo sawasawa na ulivyoumizwa na mifereji ya umwagiliaji.

"Nina kibali na ada nimelipa, kwa hiyo maji haya ni yangu."

Si yako. Tanzania maji yote ni mali ya umma, na Rais ameyashika kama mdhamini kwa niaba ya wananchi. Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya 2009 inampa mtu kibali cha kuyatumia: kwa kiasi fulani, kwa kazi fulani, kwa masharti. Ukame ukiingia, kiasi hicho kinaweza kupunguzwa. Wala kibali hakimhakikishii mtu kwamba yale yaliyoandikwa atayakuta mtoni. Sheria ya zamani, ya 1974, ilizungumzia "haki ya maji", na lugha hiyo ndiyo iliyobaki vinywani mwetu.

Malipo nayo yalileta balaa lake. Miaka ya 1990, ada za maji zilipoanza kutiliwa mkazo Usangu, nia ilikuwa watu wabane matumizi. Wengi wakaelewa kinyume: nimelipia lita kadhaa kwa sekunde, basi nitazichukua Machi na nitazichukua Oktoba. Machi mto umefurika na lita hizo hazionekani. Oktoba lita hizo hizo zinaweza kuwa ndiyo mto mzima.

"Maji yakiachwa yapite, yamepotea."

Hili ndilo linaloniuma zaidi. Sera ya Taifa ya Maji ya 2002 iliweka mpangilio: kwanza maji ya mahitaji ya msingi ya binadamu, pili maji ya mazingira, ndipo yafuate mengine, yaani umwagiliaji, umeme, viwanda. Kwa hiyo fungu la mto halitokani na makombo ya wenye vibali. Wenye vibali ndio wanaogawana kinachobaki.

Tazama maji hayo "yaliyopotea" yanakwenda wapi. Mito ya Mbarali, Kimani, Chimala, Ndembera na Ruaha wenyewe huteremka kutoka milimani hadi tambarare ya Usangu, na kulisha ardhioevu ya Ihefu. Mahali maji yanapotoka Ihefu, N'giriama, pana kizingiti cha mwamba. Maji yakishuka chini ya kimo cha mwamba ule, hakuna yanayovuka, hata kama nyuma yake Ihefu bado ina maji. Kwa hiyo huhitaji kuyachukua yote ili kuukata mto. Inatosha kuyapunguza yasifike kwenye kizingiti. Ndivyo ulivyokatika kiangazi cha 1993, mto uliozoea kupita ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha mwaka mzima. Viboko wakabaki kurundikana kwenye madimbwi. Na chini zaidi kuna mabwawa ya Mtera na Kidatu, yenye mitambo ya umeme ya megawati 80 na 204. Jina Ruaha lenyewe linatokana na neno la Kihehe lenye maana ya mto. Leo sehemu yake hubaki mchanga miezi kadhaa.

"Waliokausha mto ni wafugaji."

Mwaka 2006 wafugaji na ng'ombe wao waliondolewa Ihefu, na 2008 eneo hilo likaingizwa katika hifadhi ya taifa. Mto uliendelea kukauka. Sikatai kwamba mifugo mingi huharibu kingo na ardhioevu. Lakini ng'ombe hawezi kunywa kama mfereji unaovuta maji usiku na mchana, na maji mengi yanayotolewa kwenye mito ya Usangu huenda kwenye umwagiliaji. Wafugaji walibebeshwa mzigo usiokuwa wao wote.

"Asiye na karatasi hana haki."

Anayechota maji ya kunywa, kupikia na kufulia mahali anapofika kihalali hahitaji kibali. Haki za kimila nazo zinatambuliwa na sheria ya 2009, kwa hadhi sawa na zile zilizotolewa kwa maandishi.

"Sheria ipo, basi mto umelindwa."

Machi 2001, akiwa London, Waziri Mkuu Frederick Sumaye aliahidi kwamba serikali itaunga mkono mpango wa kuufanya Ruaha Mkuu utiririke mwaka mzima ifikapo 2010. Mwaka 2010 ukafika, ukapita, na kiangazi mto ukaendelea kukatika. Sheria ya mazingira ya 2004 nayo inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingoni, na bado vinyungu, yaani bustani za mabondeni, viko majini.

Fungu la mto hulindwa kwenye banio, pale maji yanapokingwa na kuingizwa mferejini. Nenda Oktoba, mpunga ukiwa umeshavunwa. Angalia kama lango limefungwa au maji bado yanaingia mferejini kwenda kwenye majaruba ya mpunga yaliyo matupu. Angalia kama pana kipimo, na nani anakisoma. Halafu shuka hatua mia moja chini ya banio, uone kama mtoni kuna kitu kinachotembea.