Kijana, acha kwanza habari za fulana

Wiki hii nimeulizwa tena, safari hii na kijana anayetaka kutengeneza filamu za makala kwenye maeneo ya vita: anunue fulana gani ya kuzuia risasi ili awe salama? Hakuuliza habari za dereva, wala namna ya kuzuia damu, wala njia ya kutokea. Nimechoka kulijibu hili kwa mdomo.

Sheria ni fupi. Kifungu cha 79 cha Itifaki ya Kwanza ya Nyongeza ya Mikataba ya Geneva, ya mwaka 1977, kinamhesabu mwandishi wa habari aliye kwenye kazi ya hatari kuwa raia. Basi. Haki yako ya kulindwa ni ile ile ya mama anayekwenda kuchota maji. Ukishika bunduki, hata hiyo unaipoteza.

Fulana yenyewe huzuia vipande vya mabomu na risasi za bastola. Kwa risasi za bunduki kubwa unahitaji mabamba magumu, kifuani na mgongoni. Shingo, kwapa, kinena na mapaja vinabaki wazi. Mpiga picha wa vita Tim Hetherington alipigwa na vipande vya kombora Misrata, Libya, tarehe 20 Aprili 2011, akavuja damu mpaka akafa akikimbizwa hospitali. Baada ya msiba huo, mwenzake Sebastian Junger alianzisha mafunzo ya kuokoa majeruhi kwa waandishi wa kujitegemea. Kwa hiyo nunua kwanza mkanda wa kukaza mguu uliojeruhiwa, na ujizoeze kuufunga gizani kwa mkono mmoja.

Halafu kuna lile neno PRESS, yaani mwandishi wa habari, linalobandikwa kwenye fulana. Watu wanaliona kama hirizi. Lebo yangu imeshikizwa kwa velkro ili niweze kuibandua, na kuna sababu: kuna vizuizi vya barabarani ambako neno hilo linakufungulia njia, na kuna vingine, pengine kilomita chache mbele, ambako ndilo linalokufanya ushushwe garini. Nani anajua kipi ni kipi? Fiksa, yule mwenyeji anayekupangia kazi na kukutafsiria, na dereva. Dereva mmoja niliyefanya naye kazi alikuwa akifika karibu na kijiji anazima injini, anashusha vioo vyote, anasikiliza. Akikosa sauti za watoto, anageuza gari bila kutuuliza. Siku ya kwanza nililalamika kwamba tunakosa picha. Sikurudia tena. Naye hakuwa na fulana. Ofisi ilileta moja tu, yangu. Mimi niliondoka na picha zangu, yeye akabaki pale pale, watu wote wakiwa wamekwisha kumwona akinizungusha. Jambo hilo linaniudhi mpaka leo, na ningependa kila anayeniuliza habari za fulana aanze kwa kuuliza watakuwa wangapi ndani ya gari.

Liko moja sijalimaliza moyoni. Mafunzo yanasema usivue fulana kabisa ukiwa eneo la mapigano. Lakini unakaa mkekani mbele ya mwanamke aliyezika mtoto jana, watoto wake waliobaki wako mlangoni na nguo zao nyepesi, na wewe umejifunga mabamba kifuani ukimwomba akusimulie. Nimewahi kuivua, nimewahi kubaki nayo. Mara zote mbili nilitoka nikihisi nimekosea.