Nabongo Mumia hakutawala hadi Naivasha

Kila muhula nalisikia lile lile. Mwanafunzi anasimama na, bila hata kumeza mate, anatangaza kwamba himaya ya Mumia, Nabongo (yaani mfalme) wa Wanga, magharibi mwa Kenya, ilianzia Jinja ikaishia Naivasha. Wageni ninaowatembeza Mumias nao wanakuja na hadithi hiyo hiyo, na wengine wanaongeza chumvi: eti alikuwa mfalme wa Waluhya wote tangu enzi na enzi. Kusahihisha kwa mdomo kumenichosha, basi leo naandika.

"Alitawala kutoka Jinja hadi Naivasha, na Waluhya wote walikuwa chini yake."

Mumia alipomrithi baba yake Shiundu mwaka 1882, alichokabidhiwa ni Wanga, nchi ya kando ya Mto Nzoia, makao yake Elureko, yaani Mumias ya leo. Ulikuwa ufalme kweli, wenye mfumo na mila zake, na vitabu vya shule havikosei vikisema tawala za namna ile zilikuwa adimu katika eneo ambalo sasa ni Kenya. Lakini majirani zake walikuwa huru. Wabukusu walipigana naye. Wajaluo wa upande wa Ugenya walikuwa wakimbana. Hata Wanga kwenyewe, tawi la Wanga Mukulu lilikuwa na mtawala wake. Mtu anayebanwa mlangoni pake namna hiyo, ushuru wa Naivasha, kwenye malisho ya Wamaasai, angeutoza na nani?

Mimi naona mipaka hiyo tunayoimba ni ya Mwingereza, si ya Wanga. Waingereza walikuwa na kituo kwa Mumia tangu 1894, na C. W. Hobley akaja kukisimamia mwaka uliofuata. Wakati huo sehemu hizi zilihesabiwa Uganda, na Uganda hiyo ilifika mpaka Naivasha, hadi zilipohamishiwa upande wa Afrika Mashariki mwaka 1902. Ramani ya ofisini ikaja kuvishwa Nabongo, nasi tukaipokea kama urithi wa mababu.

Cheo cha chifu mkuu alikipata mwaka 1909. Aliyempa ni serikali ya kikoloni. Hakuna kikao cha wazee wa Maragoli, Tiriki na Bukusu kilichokaa kikamchagua. Ndugu zake wakapelekwa kuwa machifu kwa watu wengine: Murunga kwa Wabukusu, Mulama kwa Wamarama. Sasa tazama hali ilivyokuwa kijijini. Chifu si mzaliwa wa hapo, wala hajui shamba la marehemu fulani limerithiwa na nani. Anafika na askari, anahesabu nyumba moja baada ya nyingine ili zitozwe kodi, kisha anadai vijana wa kubeba mizigo na kulima barabara. Ukiwa na kesi ya ng'ombe wa mahari, ni yeye huyo huyo wa kumpelekea. Nani angemwita huyo chifu wa jadi? Watu walinung'unika miaka na miaka, na Mulama akaja kuondolewa mwaka 1935. Mumia mwenyewe serikali ilimstaafisha mwaka 1926, na kiti cha chifu mkuu hakikupewa mtu mwingine. Kingekuwa kiti cha jadi cha Waluhya wote, kingeachwaje wazi kirahisi vile?

Mwanafunzi wangu yeyote anajua swali langu: nani alimlipa nani kodi, na mwaka gani? Jibu hilo kwanza, himaya baadaye.

"Alikuwa msaliti."

Hapa nalaumu lile jedwali la mtihani lenye safu mbili, waliopinga na walioshirikiana. Ni kweli, mwaka 1895 wapiganaji wa Wanga walikuwa upande wa Hobley dhidi ya Wabukusu, kule Lumboka na Chetambe, na Wabukusu waliumia vibaya. Simtetei kwa hilo. Lakini ugomvi wake na Wabukusu ulikuwapo kabla Hobley hajatia mguu, na hata Waswahili wa misafara, wenye bunduki zao, walikwishafika Elureko zamani. Mumia aliwatumia wageni wenye silaha kwa vita vyake mwenyewe, wao nao wakamtumia kwa vyao. Mwisho wa yote wao ndio waliofaidi zaidi. Kumshtaki kwa kuisaliti Kenya mwaka ule, wakati Mumias yenyewe ilikuwa ikihesabiwa Uganda, ni kumdai deni la nchi ambayo haikuwapo.

"Askofu Hannington aliuawa kwa Mumia."

Hapana. Mmisionari huyo Mwingereza alipita hapo Oktoba 1885, akaacha sehemu kubwa ya msafara wake chini ya William Jones, akaendelea na watu wapatao 50. Aliuawa Busoga tarehe 29 mwezi huo, kwa amri ya Kabaka Mwanga wa Buganda. Wenyeji wa Elureko hawakuhusika.

"Alitawala miaka 67 mfululizo."

Inategemea unamuuliza nani. Kwa Wanga alikuwa Nabongo tangu 1882 hadi alipofariki mwaka 1949. Kwa serikali, kazi yake iliisha mwaka 1926. Ukiandika 67, andika pia ni kwa hesabu ya nani.

"Mumias ilififia kwa sababu Wazungu walimgeuka Mumia."

Ilififia kwa sababu ya reli. Elureko ilinenepa kwa misafara ya kwenda Uganda: watu walipumzika hapo, wakanunua chakula, wakatafuta wapagazi wapya. Desemba 1901 reli ikafika ziwani, Kisumu ya sasa, na mizigo ya Uganda ikaanza kupandishwa melini huko. Makao ya wilaya yalibaki Mumias karibu miaka 20 zaidi, kisha mwaka 1920 yakahamishiwa Kakamega.