Fidia haipangwi na dalali

Mradi unaohitaji ardhi ya watu ukitangazwa mtaani hapa Dar, dalali hufika kabla yetu sisi wathamini, tunaokadiria fidia yao. "Mzee, kiwanja hiki milioni 200, usikubali chini ya hapo." Dhana hii imenichosha kuliko zote: eti anachotamka dalali ndiyo bei ya soko, na fidia ikipungua basi mthamini kala hela.

Dalali hutaja bei ya kuombea. Sisi soko tunalisoma kwenye mauzo yaliyokwisha kufanyika jirani na hapo, na hapo ndipo penye uchungu. Jirani kanunua kwa milioni 80, mkataba ukaandikwa milioni 25 ili kodi ya TRA ipungue, dalali huyohuyo akasaini kama shahidi. Nusu ya mtaa imefanya hivyo. Siku ya kutafuta ushahidi wa bei, makaratasi yanasema 25. Niandike ya kusikia? Taarifa yangu inakwenda kwa Mthamini Mkuu wa Serikali, ambaye anataka vielelezo. Andikeni bei halisi kwenye mikataba, jamani! Mlichookoa kwenye kodi mnakilipa mara tatu fidia ikija.

Wengine husema ardhi ni ya serikali, kwa hiyo hulipwa nyumba tu. Si kweli. Kwa Sheria ya Ardhi ya 1999 na kanuni zake za 2001, ardhi yenyewe hulipwa, pamoja na posho ya usumbufu, usafiri, na kwa anayeishi hapo, posho ya makazi ya miezi 36. Mwenye biashara hudai faida anayoipoteza, ila alete hesabu zilizokaguliwa. Daftari la mikopo ya wateja halitoshi.

Kuongeza chumba baada ya uthamini? Hicho hakilipwi, saruji unaipoteza bure.

Wala si kila nyumba inayobomolewa hulipwa. Waulizeni watu wa Kimara: mwaka 2017 nyumba zilizohesabiwa kuwa ndani ya hifadhi ya Barabara ya Morogoro, yaani eneo lililotengwa kwa ajili ya barabara, zilivunjwa bila fidia. Mipaka huulizwa ofisi ya ardhi kabla ya kununua.

Siku ya ukaguzi kaa nyumbani, hesabu vyumba na miti pamoja nasi, soma fomu kabla ya kusaini, piga picha. Malipo yakichelewa zaidi ya miezi 6, dai riba. Na uthamini ukipitisha miaka 2 bila kulipwa, unafanywa upya.