Maharusi wa filamu bubu hawakutembea mbio hivyo

Kwenye magrupu inazunguka klipu ya "One Week", kichekesho cha Marekani cha mwaka 1920: maharusi wanajijengea nyumba, na ujumbe unadai eti watu wa zamani walitembea kasi namna ile. Si kweli. Kamera za wakati huo zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi picha 16 hadi 20 kwa sekunde. Sauti ilipoingia, kipimo kikawa 24. Filamu ya zamani ikichezwa hivyo, kila mtu anakimbia. Kinachochanganya zaidi, wachekeshaji nao wakati mwingine waliongeza kasi makusudi. Jaribu mwenyewe: punguza kasi ya video hadi 0.75, hatua zitakaribia za kawaida. Ujumbe ukikufikia tena, tafadhali usiusambaze. Klipu yenyewe tazama, inachekesha kweli.