Sungusungu ni nani hasa

Juzi kwenye daladala hapa Tabora mjini nimelisikia tena jina hili kwa abiria wa kiti cha mbele: "Mwizi wa bodaboda kachomwa moto na sungusungu." Nikauliza, sungusungu wa kijiji gani? Mtemi wao, yaani mkuu wao, nani? Hakuna aliyejua. Kumbe waliomchoma walikuwa wapita njia.

Sungusungu ni ulinzi wa jadi: wanakijiji waliojipanga wenyewe kulinda mali na uhai wao, wakiwa na viongozi, zamu na orodha ya majina.

Jina lilitokana na mdudu. Sungusungu ni sisimizi wakubwa weusi wanaouma. Mmoja unamkanyaga, wakija msururu unakimbia wewe. Jina lilishika mwanzoni mwa miaka ya 1980 maeneo ya Kahama na Nzega, wizi wa ng'ombe ulipokithiri baada ya vita vya Kagera. Wanyamwezi waliwaita pia basalama, yaani watu wa amani, na mimi jina hili ndilo nalipenda zaidi. Silaha yao upinde na mishale. Mwano, yaani ukelele wa hatari, ukipigwa, wanaume wanatoka. Mkaidi alitengwa, na kijijini kutengwa kunauma kuliko fimbo.

Ray Abrahams, mwanaanthropolojia wa Cambridge aliyewafahamu Wanyamwezi tangu miaka ya 1950, aliandika juu yao mwaka 1987. Hakuwachukulia kama wahuni. Aliwaona ni watu waliosimama pale ambapo mkono wa dola haukufika vizuri.

Siwasafishi. Walipiga watu, na wako vikongwe walioteswa kwa tuhuma za uchawi. Lakini nyumba ya mtemi ilijulikana, na mama wa kijana aliyeonewa alijua aende kulalamika wapi. Kundi la barabarani likishaua linatawanyika, kesho yake kila mtu anasema hakuwepo. Sheria ya mwaka 1989 iliwatambua sungusungu, watu wenye sura na majina, na kuwapa uwezo wa kukamata. Haikuwapa kuhukumu, sembuse kuua. Kuhukumu ni kazi ya mahakama.

Kwa hiyo, ndugu yangu uliyekaa kiti cha mbele, kijana yule hakuchomwa na sungusungu. Aliuawa na watu ambao bado hawajatajwa, na polisi wana kazi ya kuwatafuta.