Jumong aliishi kweli? Choi Wan-kyu na tamthilia zake za kale

Idara yetu ya historia huulizwa mara kwa mara na wapenzi wa tamthilia za Kikorea: huyu Jumong, shujaa wa tamthilia ya kale yenye jina lake, alikuwepo kweli? Anatajwa, ndiyo. Kitabu cha historia cha Kikorea, Samguk Sagi, cha mwaka 1145 kinasema aliasisi Goguryeo, dola ya kale ya Kikorea, mwaka 37 kabla ya Kristo. Ila humo alizaliwa kutoka kwenye yai, na baba yake, Haemosu, ni mwana wa mbinguni. Yule Haemosu wa kwenye tamthilia, kipofu anayefungwa pangoni, mwanawe akakutana naye bila kujua ni baba yake, ni ubunifu wa waandishi wa tamthilia hiyo, Choi Wan-kyu na mwenzake Jung Hyung-soo. Tamthilia yao ilirushwa na kituo cha runinga cha Korea, MBC, kuanzia 2006 hadi 2007, sehemu 81.

Choi hakuanza na wafalme. Mwaka 1994 aliandika tamthilia ya madaktari wa siku hizi, na nadhani hapo ndipo alipojifunza kumweka mtazamaji roho juu kando ya kitanda cha mgonjwa. Ujuzi huo aliutumia katika Hur Jun (1999–2000), kisa cha Heo Jun (jina lile lile, tahajia nyingine), tabibu wa ikulu ya Joseon, ufalme wa zamani wa Korea, aliyefariki 1615. Kuna siku nchini Korea zaidi ya asilimia 60 ya watazamaji walikuwa wakiitazama hiyo tu. Wengi hawasahau pale mwalimu Yu Ui-tae, akijua anakufa, anapomwachia mwanafunzi wake wosia: mwili wangu upasue, ujifunze. Inaliza. Lakini haimo katika kumbukumbu zozote. Choi aliichukua kwenye riwaya ya Lee Eun-sung. Tena tabibu halisi anayefanana jina na mwalimu huyo alizaliwa Heo Jun akiwa ameshazikwa.

Mwaka 2003 akatoa All In, mapenzi na kamari za leo, bila taji wala upinde. Ukiitazama vizuri, mbinu ni zile zile: mtu wa chini, deni la moyo, na siri inayochelewa kufichuka.

Mwaka 2013 alimrudia Heo Jun kwa sehemu 135. Safari hii aliigiza Kim Joo-hyuk, ambaye baba yake, Kim Mu-saeng, alikuwa Heo Jun wa runinga miaka ya 1970. Anayemtaka tabibu mwenyewe atafute Dongui Bogam, kitabu chake cha tiba kilichochapwa 1613, ambacho UNESCO ilikiorodhesha mwaka 2009 katika Kumbukumbu za Dunia.